Mkate wa ngano isiyokobolewa wenye mbegu: mbona unamomonyoka?

Mkazi wa Nzuguni
Habari zenu, ndugu zangu. Ninaoka nyumbani mkate wa unga wa ngano isiyokobolewa, na ndani yake ninatia ufuta na alizeti kwa kuwa mazao hayo hayasumbui kupatikana hapa Dodoma. Ladha yake tunaipenda sana, lakini mkate hauumuki vizuri, na ifikapo siku ya pili silesi zinamomonyoka kabla hata ya kupakwa siagi. Kipimo changu ni kile cha mkate mweupe, yaani gramu 300 za maji kwa gramu 500 za unga. Nimeshauriwa niongeze hamira, au nichanganye na unga mweupe nusu kwa nusu, jambo ambalo nisingependa. Tatizo liko wapi?

Mwoka mikate, Kondoa
Hamira iache ilivyo, ndugu yangu. Kinachopungua ni maji. Unga usiokobolewa bado una pumba, na pumba hunywa maji mengi, tena polepole, hivyo donge linaloonekana laini wakati wa kukanda hukaza baada ya nusu saa. Pumba ikibaki kavu huwa na ncha kali zinazokata nyuzi za gluteni, na nyuzi hizo ndizo zinazoshika hewa inayotolewa na hamira. Kwa gramu 500 za unga anza na gramu 375 za maji, na usiogope kufika 400. Changanya unga na maji pekee, funika kwa dakika 40, ndipo utie gramu 5 za hamira na gramu 10 za chumvi, kisha ukande. Donge litanata, na hivyo ndivyo linavyotakiwa kuwa. Lowesha mikono yako badala ya kunyunyiza unga.

Mbegu nazo zisiingie kavu. Zikaange bila mafuta mpaka zinukie, zimwagie maji ya moto yenye uzito sawa na wake, uziache mpaka asubuhi. Hatua hii wengi huiruka, nami naiona kubwa kuliko zote, kwa sababu mbegu kavu huendelea kunyonya unyevu wa mkate hata ukiwa umekwisha kuiva.

Mwalimu wa upishi, Mpwapwa
Naafiki, na naongeza jambo la hewa yetu. Kuanzia Mei hadi Novemba huku kwetu ni kukavu na kuna upepo, kwa hiyo donge lisilofunikwa kwa kitambaa kibichi hufanya ngozi juu na kushindwa kupanda. Usisubiri liwe maradufu. Likiongezeka kwa nusu au zaidi kidogo, lioke.

Angalia pia alizeti yako. Inayolimwa Dodoma na Singida kwa wingi ni ya kukamua mafuta na ganda lake halitafuniki, kwa hiyo tumia iliyokwisha kumenywa. Ukitaka ladha ya kwetu zaidi, gramu 75 za unga zinaweza kuwa za mtama, lakini usizidishe sana, maana mtama hauna gluteni kabisa.

Mkazi wa Nzuguni
Nashukuru sana. Sina oveni, natumia jiko la mkaa na sufuria yenye mchanga. Je, maji hayo yote hayataufanya mkate uwe mbichi katikati?

Mwoka mikate, Kondoa
Hautakuwa mbichi ukiupa muda. Pasha mchanga kwanza, uweke mkate ndani ya chombo chake, kisha mkaa mwingi uwe juu ya mfuniko na wa chini uwe kidogo, kwa sababu chini ndiko kunakoungua mapema. Utachukua takriban dakika 50. Ugonge kitako: ukitoa mlio wa kitu kilicho wazi ndani, umeiva. Usiukate kabla haujapoa kwa saa mbili, kwani ukiwa wa moto bado unashikana ndani, na kisu kitauvuruga hata kama umeiva sawasawa.