Naombeni ushauri: natafsiri muvi ya jamaa aliyeuawa na serikali bila kosa, nimekwama mwanzoni kabisa

SautiYaKibanda
Habari za jioni wakuu. Mimi ni mtafsiri wa muvi, niko Mwanza, kazi hii huu ni mwaka wa tisa. Nina chumba kimoja nimekitundika mablanketi ukutani sauti isijirudie. Natafsiri, naweka kwenye flashi, wenye vibanda umiza wananunua. Jumamosi hii naonyesha mwenyewe kwenye kibanda cha mtaani kwetu, kiingilio mia tano, ubao wa chaki nimeshauandika tangu juzi.

Muvi ni The Crow: Salvation ya mwaka 2000, ya tatu katika zile za kunguru. Kijana anaitwa Alex Corvis, anahukumiwa kifo kwa kumuua mpenzi wake Lauren. Hakuua. Wanamkalisha kwenye kiti cha umeme siku anayotimiza miaka 21, anakufa, kunguru anamrudisha duniani, anaanza kuwasaka waliomuua yule binti wakambambikia yeye kesi.

Nina shida mbili. Ya kwanza, hicho kilichorudi nakiitaje? Nikisema msukule, watu watamwona mtu aliyekatwa ulimi anayelimishwa shamba usiku na mchawi. Alex hana bwana, amerudi kudai chake. Nikisema mzimu, wazee wataniuliza ni wa ukoo gani na unatambikiwa wapi. Ya pili ni ule mwanzo wa kiti cha umeme. Nafikiria kuukata wote, nianzie pale anapoamka. Nikate au niache?

Mzee wa Kahawa
Kijana umenikumbusha mbali. Ile ya kwanza ya mwaka 1994 ndiyo aliyocheza Brandon Lee, mtoto wa Bruce Lee, na ndiyo iliyomuua. Machi 1993, huko Wilmington, North Carolina, wanapiga picha za mtu anapigwa risasi. Bunduki ilikuwa na kichwa cha risasi kimenasa ndani ya mtutu kutoka siku za nyuma, hakuna aliyekiona. Wakapakia baruti tupu, ikakisukuma kile kichwa kikatoka kama risasi ya kweli. Alikuwa na miaka 28. Sisi tuliitazama kwenye mkanda, tumebanana, na kila akitokea mtu anasema "huyu marehemu kweli". Hizo zilizofuata sikuzipenda, lakini hiyo ya kiti cha umeme ina maana yake.

Popo wa Usiku
Usikate mkuu! Mia tano yangu nataka nimwone anavyotetemeka. Ukikata mwanzo watu watauliza huyu kafufuka kutoka wapi, alikuwa amelala?

Kibibi wa Mkunazini
Huku kwetu Unguja tungesema kizuka. Kizuka ni aliyekufa akaonekana tena, haulizwi ukoo. Na ina utamu mwingine: mwanamke aliyefiwa na mumewe akikaa eda naye huitwa kizuka. Huyo Alex kafiwa na mpenzi wake na yeye mwenyewe kafa, basi ni kizuka mara mbili. Kuhusu kunguru, hapa utachekwa. Kunguru kwetu ni mwizi wa vifaranga, waliletwa enzi za Waingereza wale taka za mji, wakageuka taka wao. Hakuna atakayeamini kwamba anabeba roho ya mtu.

SautiYaKibanda
Dada Kibibi ahsante sana, kizuka nimelichukua. Lakini bado sijajibiwa la mwanzo.

MtumishiWaKweli
Mimi nitakuambia ukweli hata kama hupendi. Muvi za wafu kurudi zinafungua milango ya giza, na hapo kibandani kuna watoto. Kisasi ni cha Bwana, si cha kunguru. Tafsiri za mapishi au za kilimo, utabarikiwa.

Nyundo Nzito
Subirini. Mtu ametafsiri miaka tisa, ametafsiri watu wanakatwa vichwa kwa panga, leo anaogopa kiti cha umeme? SautiYaKibanda, kuna mtu atakuwa kibandani Jumamosi ambaye hutaki auone huo mwanzo. Ni nani?

SautiYaKibanda
Mkuu Nyundo umenishika pabaya.

Ni baba yangu mdogo. Alikamatwa 2002 kwa mauaji ya jirani yetu kijijini, akahukumiwa kunyongwa 2006, akaachiwa kwa rufaa 2017. Miaka kumi na moja alikaa kule kwa wenye hukumu ya kifo. Sasa ana kibanda cha kuziba pancha za baiskeli, mita mia kutoka kwangu. Kila Jumamosi anakuja kwenye muvi, halipi, anakaa benchi la mwisho karibu na mlango, na mlango lazima uwe wazi. Hata nyumbani kwake halali amefunga mlango. Mvua inanyesha hadi kitandani, anasogeza kitanda, mlango anauacha.

Alishaona ubao. Akaniuliza, "Hiyo ya mtu aliyeonewa, itakuwa ndefu?"

Mama Wawili
Machozi yamenitoka. Mume wangu alikaa mahabusu miezi minane kwa kesi ya ng'ombe ambao hata hakuwahi kuwaona. Nilikuwa napeleka uji kwenye chupa ya chai, naambiwa nionje mbele yao kwanza. Alivyotoka, mlango ukigongwa kwa nguvu alikuwa anasimama wima na kuweka mikono nyuma. Hadi leo haongelei. Mdogo wangu, usimfanyie hivyo baba yako, kata huo mwanzo.

Wakili wa Kijiweni
Niongeze kidogo kwa wasiojua. Kifungu cha 197 cha Kanuni ya Adhabu kinasema ukipatikana na hatia ya kuua kwa kukusudia ni kunyongwa hadi kufa. Jaji hana pa kupunguzia, hata akikuonea huruma atatamka maneno yale yale. Novemba 2019 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, pale Arusha, ilisema kumfunga jaji mikono namna hiyo kunakiuka haki ya kuishi. Kunyonga kwenyewe hapa nchini kumesimama tangu miaka ya tisini, lakini aliyehukumiwa hajui kama kitanzi kitarudi kesho au la. Kila akisikia funguo anafikiri ni zamu yake. SautiYaKibanda, alishinda rufaa kwa hoja gani?

SautiYaKibanda
Kwa shahidi. Kulikuwa na shahidi mtoto, na Mahakama ya Rufani ikasema ushahidi wake haukupokelewa kwa utaratibu.

Wakili wa Kijiweni
Basi ni ile ya kumhoji mtoto. Enzi hizo, kabla ya mtoto wa miaka 14 au chini ya hapo kutoa ushahidi, jaji alipaswa amuulize kwanza kama anaelewa kiapo ni nini na kama anajua wajibu wa kusema kweli, na yote yaandikwe. Kesi nyingi zilianguka hapo. Sheria ilibadilishwa 2016, sasa mtoto anaahidi tu kusema kweli. Kwa hiyo baba yako mdogo aliachiwa, lakini hakuna aliyewahi kusimama akasema hakuua.

SautiYaKibanda
Ndiyo hiyo inayoniua mkuu. Mtaani wanasema "katoka kwa rufaa". Hakuna anayesema hakuua. Watoto wanatumwa pancha mbali ili wasipite kwake.

Nyundo Nzito
Na huyo shahidi mtoto yuko wapi siku hizi?

Nyundo Nzito
Nauliza tena.

SautiYaKibanda
Ni mimi.

Nilikuwa na miaka minane jirani alipouawa, kumi na miwili kesi iliposikilizwa. Nilisema nilimwona baba mdogo anafua shati lenye damu kisimani. Sikumwona. Mtu mzima mmoja wa ukoo wetu aliniambia nisiposema hivyo watamchukua baba. Asubuhi ya kwenda mahakamani alininunulia mandazi mawili na soda nyekundu, nikaimwaga kwenye kaptula nyeupe ya shule. Nikapanda kizimbani na doa jekundu mapajani, naongelea shati lenye damu. Baba mdogo alikuwa analitazama lile doa muda wote.

Kuna lingine sikusema. Tafsiri nimeshairekodi. Kwenye muvi kuna binti anaitwa Erin, mdogo wake marehemu, ndiye Kirsten Dunst. Anamchukia Alex akiamini ndiye muuaji, halafu anagundua ukweli. Hapo nimeacha maneno ya Kiingereza nimeweka yangu. Nimesema: "Nilidanganya. Nilikuwa mtoto lakini nilijua ni uongo. Hukuwa kisimani." Nataka ayasikie, na mtaa mzima usikie. Ndiyo maana naogopa asije akatoka mwanzoni kabla hajafika hapo.

Popo wa Usiku
Wakuu hii ni chai, tena ya rangi, haina hata maziwa. Mtafsiri wa muvi, baba mdogo kanusurika kitanzi, yeye mwenyewe ndiye shahidi, na muvi inafanana na maisha yake! Doa jekundu kwenye kaptula nyeupe? Huyu anaandika muvi yake, anatupima kama itauzika.

Nyundo Nzito
Na mimi naanza kunusa majani. Rufaa miaka kumi na moja? Mbona mzee wangu mdogo rufaa yake ya shamba ilichukua mitatu?

Mama Wawili
Kwa hiyo machozi yangu yameenda bure?

Wakili wa Kijiweni
Wa kukaa miaka hiyo wapo. Asiye na mtu wa nje, taarifa ya rufaa ikichelewa, mwenendo wa kesi haujachapwa, jalada halionekani, miaka inakwenda tu. Na mnaosema mambo haya hayatokei, mtafuteni Edmary Mpagi wa Uganda. Alihukumiwa kifo 1982 kwa kumuua mtu ambaye alikuwa hai. Marehemu alikuwa anatembea! Mpagi alikaa gereza la Luzira zaidi ya miaka 18, ndugu aliyehukumiwa naye akafia ndani, yeye akatoka mwaka 2000.

Popo wa Usiku
Huyo Mpagi simkatai. Namkataa huyu. Kama ni kweli atuambie jirani aliuawa na nani.

Nyundo Nzito
Hapo Popo umeuliza. Maana uliambiwa usiposema watamchukua baba. Kwa nini wamchukue baba yako?

SautiYaKibanda
Baba alifariki 2014. Hilo swali sitalijibu hapa.

Popo, sina cha kukuthibitishia. Nakala ya hukumu ninayo, siiweki kwa sababu ina majina ya watu. Nilichokuja kuuliza ni kuhusu muvi.

Popo wa Usiku
Sawa. Nimenyamaza.

Kibibi wa Mkunazini
Mdogo wangu, kwetu tunafundishwa kwamba kosa kati yako na Mungu unalitubu peke yako usiku, lakini haki ya mja haifutiki mpaka umwendee mwenyewe akusamehe. Umwendee. Si umwite kibandani pamoja na watu sitini wanaokula karanga.

SautiYaKibanda
Dada, nimelifikiria hilo mwaka mzima. Nikimwambia peke yake atanisamehe, ni mtu wa hivyo. Halafu? Kesho watoto bado watapita mbali na kibanda chake. Mtaa ndio uliomhukumu, mtaa ndio unapaswa kusikia. Na sauti yangu wanaijua wote, wataelewa.

MtumishiWaKweli
Usimshuhudie jirani yako uongo. Kutoka 20:16. Lakini ulikuwa mtoto. Nilikujibu kwa haraka pale juu, na hilo la kilimo nalifuta.

Mzee wa Kahawa
Nimesoma uzi wote toka juu. Kijana, nisikilize mimi niliyekaa kwenye vibanda toka enzi za mikanda. Mtu akiangalia muvi iliyotafsiriwa haisikii sauti yako. Anamsikia Erin. Ukisema "nilidanganya", watu sitini watasema "eeh, kumbe alidanganya yule dada". Watatafuna karanga zao. Atakayeelewa ni mmoja tu, wa benchi la mwisho, na ataelewa peke yake gizani, huku wewe umejificha nyuma ya msichana wa Kizungu. Miaka yote hiyo alikaa anakusubiri useme. Sasa unamwambia kwa mdomo wa mtu mwingine tena, kama ulivyosema kizimbani kwa maneno ya mtu mwingine.

SautiYaKibanda
Mzee.

Mama Wawili
Uko hapo?

SautiYaKibanda
Nipo. Nimeisikiliza tena ile sehemu. Kweli sijasikika. Hata nimebana sauti ili ifanane na ya mwanamke.

Maneno yangu nimeyafuta, nimerudisha ya Erin kama yalivyo. Mwanzo sijakata. Ubao nimeufuta mpaka nijue yeye anasemaje.

Nyundo Nzito
Na watu wa mtaa?

SautiYaKibanda
Nitamwuliza yeye. Akitaka nisimame mbele ya muvi nitasimama, taa ikiwa inawaka. Akitaka kwa mwenyekiti wa mtaa, twende. Hukumu ninayo mfukoni.

Wakili wa Kijiweni
Kabla hujaandika au kusaini chochote mahali popote, onana na wakili au watu wa msaada wa kisheria. Kuzungumza na baba yako mdogo hakuhitaji wakili.

Popo wa Usiku
Mkuu, kama ni chai basi imenichoma ulimi. Tunasubiri mrejesho.

SautiYaKibanda
Nimefika kwake sasa hivi. Saa nne na nusu, manyunyu yanaanza. Taa ya ndani inawaka, mlango uko wazi, kitanda amekisogeza. Ameniona, anavaa ndala. Naweka simu mfukoni.