Naombeni ushauri (Juni 2025): naitwa redioni kujadili Haiti na bajeti

KalamuKavu: Wanajamvi, salaam. Mimi mwandishi wa habari, Nairobi. Kesho saa moja asubuhi naketi redioni na wenzangu wawili kujadili askari wetu walioko Haiti na bajeti iliyosomwa juzi. Lazima niulizwe kama pesa ile ingebaki nyumbani. Usingizi hauji. Nisemeje?

Bi Mkora: Juni 25, 2024 Bunge lilipitisha Mswada wa Fedha kwa kura 195 dhidi ya 106, vijana wakipigwa risasi nje. Siku hiyohiyo askari wetu wa kwanza wakatua Port-au-Prince, mji mkuu wa Haiti. Unataka ushauri gani tena?

Mzee wa Hesabu: Polepole, Bi. Kuna azimio 2699 la Umoja wa Mataifa lililoruhusu kikosi hicho, na gharama tuliambiwa wafadhili watarejesha, Marekani akiwa mbele. Uliza nani anatangulia kulipa na anarudishiwa lini. Mimi 2019 nilinunulia chama chetu viti vya kukodisha kwa pesa yangu, eti nitarudishiwa. Viti vimeshavunjika miguu.

Tausi: KalamuKavu, siasa ndiyo kazi yako, leo redio ikutoe jasho? Kuna kitu umekimeza.

KalamuKavu: Haya. Mdogo wangu yuko huko. Tangu askari wetu wa kwanza auawe huko Februari 2025, mama hazimi redio, na ni stesheni hiyohiyo. Lakini simtaji! Mtayarishaji hajui, na jina langu limeshatangazwa.

Tausi: Mpigie usiku huu. Wasikilizaji wakigundua wenyewe, hata ukweli uliosema utaonekana wa kupangwa.

KalamuKavu: Nikimwambia ataniondoa, au mada igeuke matanga. Hata daktari ana ndugu, anatibu tu.

Chapati Moto: Mwambie dogo arudi na ile rum ya Haiti 😂

Bi Mkora: Hebu ngojeni. Kwenye uzi wa shamba la urithi ulijiita kitindamimba. Huyu mdogo kazaliwa lini?

Chapati Moto: 😂😂😂 Chai! Leteni mandazi.

KalamuKavu: Mtoto wa baba mdogo, jamani. Amelelewa kwetu. Tulilala kitanda kimoja, yeye upande wa ukuta kwa sababu alikuwa anaanguka.

Bi Mkora: Na shamba naye anarithi?

KalamuKavu: Hilo uzi mwingine.

Mzee wa Hesabu: Iwe chai iwe maziwa, ni stesheni gani? Nitege saa.