Hilux 5L: gia zinakataa asubuhi, na ikipanda na mzigo klachi inateleza. Fundi anataka kushusha gia boksi, nimruhusu?

Kabichi_za_Soni

Wakuu, habari za kazi.

Gari ni Toyota Hilux yenye injini ya dizeli 5L, 4x4, gia tano za mkono. Inapandisha simenti kutoka Mombo kwenda Soni na kurudi na mboga. Asubuhi gia namba moja inaingia kwa shida, na rivasi inakwaruza. Nikipampu pedeli mara mbili tatu zote zinaingia laini. Pedeli ilikuwa inashika chini kabisa karibu na zulia, fundi akairefusha fimbo inayotoka kwenye pedeli, sasa inashika juu.

Tangu hapo likaja jingine. Ikiwa na mifuko 20, baada ya kama dakika 15 za mlima injini inapiga kelele lakini gari haliongezi mwendo, na harufu ya kuungua inaingia ndani. Ikipoa inavuta vizuri tena. Mlio wa beringi hakuna.

Fundi anasema klachi imeisha, ashushe gia boksi na kufunga seti nzima. Nimruhusu?

Spana_12

Usimruhusu bado, mkuu. Hapo kuna matatizo mawili yanayopingana, na fundi ameyaweka kwenye kapu moja.

Klachi kuteleza maana yake haishiki. Gia kukwaruza maana yake haiachii. Klachi pleti iliyolika inateleza, lakini haikatai gia, na hakuna pleti iliyolika inayopona kwa kupampu pedeli. Ukiona kupampu kunasaidia, tatizo liko kwenye mafuta ya klachi: kuna upepo, au raba za masta ya juu (pampu iliyo kwenye pedeli) au ya chini (iliyo kwenye gia boksi) zimechoka.

Kabla hujatoa hela, fanya hivi gari likiwa tambarare na mbele yako kuna nafasi:

Washa injini, kanyaga klachi mpaka mwisho, hesabu sekunde tano, kisha ingiza rivasi. Tunaitumia rivasi kwa sababu kwenye gia boksi nyingi za aina hii haina sinkronaiza (ringi ya kulainisha gia inapoingia) ya kuficha kosa. Ikikwaruza, klachi haijaachia. Zima injini ujaribu gia zote. Zikiingia bila shida, gia boksi haina kosa.

Washa tena, weka namba moja, shikilia pedeli chini kwa dakika nzima, mguu wa kulia ukiwa tayari juu ya breki. Gari likianza kujivuta lenyewe, masta ya juu inapitisha mafuta ndani kwa ndani. Nje hutaona tone.

Kisha funua zulia, angalia fimbo inapoingia kwenye masta ya juu. Pita chini ya gari, vuta kifuniko cha raba cha masta ya chini pale fimbo inapotoka kwenda kwenye foki (mkono unaosukuma klachi iachie). Pakiwa na majimaji, hata kidogo, raba ya ndani imekwisha.

Mwisho, mtu akanyage pedeli huku wewe ukipima kwa rula fimbo ya masta ya chini inatoka milimita ngapi. Pima mkanyago wa kwanza, halafu pima baada ya kupampu mara tatu. Namba mbili zikitofautiana, achana na gia boksi kwa sasa. Zikilingana, fimbo ikitoka vizuri na gia bado inakataa, hapo ndipo tatizo liko ndani: pleti imepinda, vidole vya presha pleti (sahani inayoibana klachi pleti) vimevunjika, foki imepasuka, au beringi ya pailoti (inayoshika ncha ya shafti ya gia boksi kwenye krenki) imekwama.

LetiMashini

Mimi niko upande wa fundi. Harufu ya kuungua ikishaingia ndani ya gari, pleti imeshapata moto. Raba utabadilisha leo, na wiki ijayo utashusha gia boksi hiyo hiyo. Ya 4x4 ina transfa kesi (ya kugawa nguvu mbele na nyuma) nyuma, si mzigo wa kuinua mara mbili.

Masta_ya_Juu

LetiMashini, harufu inatuambia kuna msuguano, haituambii umetoka wapi. Rudi kwenye sentensi yake moja ambayo wote mmeiruka: kuteleza kulianza *baada ya* fundi kurefusha fimbo ya pedeli.

Ndani ya masta ya juu kuna tundu dogo linalounganisha silinda na kopo la mafuta. Pedeli ikiwa juu kabisa, pistoni inatakiwa irudi nyuma ya tundu hilo ili mafuta yapite huru. Gari likipanda mlima, joto la injini na gia boksi linayapasha mafuta na yanatanuka. Tundu likiwa wazi, ziada inarudi kwenye kopo. Fimbo ikirefushwa hadi ikaisukuma pistoni muda wote, tundu linazibwa. Mafuta yanatanuka hayana pa kwenda, yanasukuma masta ya chini, foki inabonyeza rilizi beringi (inayosukuma vidole vya presha pleti), na presha pleti inaanza kuachia kidogo kidogo. Ni kama vile umeweka mguu juu ya klachi njia nzima. Likipoa mafuta yananywea na klachi inashika tena. Hiyo ndiyo sababu ya zile dakika 15.

Klachi iliyolika kweli inaweza kushika kidogo ikipoa, lakini mara nyingi haiponi vizuri hivi.

Uthibitisho ni rahisi. Siku itakapoteleza, simama mahali salama, zima, weka hendi breki na mawe kwenye matairi. Vaa miwani. Fungua nipeli ya kutolea upepo kwenye masta ya chini robo mzunguko, bila mtu yeyote kugusa pedeli. Mafuta yakiruka kwa nguvu, kulikuwa na presha iliyofungiwa. Funga nipeli, endelea na safari. Isipoteleza tena kwa muda, mwizi umempata. Yakichuruzika tu taratibu, nadharia yangu itupe.

Kipimo cha Toyota kwa klachi ya mafuta ni mchezo (nafasi ya kulegea) wa fimbo milimita 1 hadi 5 pedeli ikiwa juu, na mchezo wote wa pedeli kabla ya kukutana na uzito wa klachi milimita 5 hadi 15. Ubonyeze kwa kidole, siyo kwa mguu. Mguu hauhisi milimita mbili.

Makanika_Changamwe

Hapa Mombasa ugonjwa huu tunauona sana kwa pikapu za mizigo. Pedeli iko chini, mtu anarefusha fimbo badala ya kununua raba.

Mwenye uzi amesema hana mlio, lakini wengine watausoma huu uzi, kwa hivyo niongeze. Mlio ukianza unapogusa pedeli kidogo tu, ni rilizi beringi. Mlio ukiwepo gari likiwa fri na mguu nje, halafu ukinyamaza ukikanyaga, ni beringi ya shafti ya kuingilia gia boksi, na klachi mpya haitauondoa. Ukisikika klachi ikiwa imekanyagwa mpaka chini na gia imeingia, gari limesimama, shuku beringi ya pailoti, kwa sababu hapo shafti imesimama na krenki inaizunguka.

Gari likitetemeka wakati wa kuondoka ni kesi nyingine. Angalia mauntingi za injini na gia boksi kwanza, ziko nje na huhitaji kushusha chochote. Zikiwa nzima ndipo uwazie mafuta kwenye pleti au flaiwili yenye madoa ya bluu ya joto.

Kabichi_za_Soni

Majibu wakuu:

Gia zote zinaingia gari likiwa limezimwa. Mkanyago wa kwanza fimbo ya chini inatoka milimita 7, baada ya kupampu mara tatu inatoka 13. Kifuniko cha raba cha masta ya chini kina uji mweusi ndani. Masta ya juu ni kavu, na gari halijivuti nikishikilia pedeli. Fimbo ya pedeli haina mchezo hata kidogo, imebana kabisa. Leo limeteleza tukiwa tumekaribia Soni, nikafungua nipeli: mafuta yameruka hadi kwenye chesisi. Baada ya hapo limepanda bila kuteleza.

Sasa nianzie wapi?

Spana_12

Masta_ya_Juu chukua maua yako.

Nunua seti ya raba za masta zote mbili, hata kama ya juu ni kavu. Ukiweka raba mpya chini na kuacha kuukuu juu, mara nyingi ya juu ndiyo inayofuata. Usikisie saizi. Fungua ya zamani uende nayo dukani, au soma namba iliyo kwenye bodi ya masta. Kwenye Toyota nyingi utakuta inchi 5/8 juu na 13/16 chini. Raba isiyo saizi yake itaingia, lakini itavuja.

Ukishafungua, pitisha kidole ndani ya silinda. Ukucha ukikwama kwenye mkwaruzo au shimo la kutu, usifunge raba mpya humo. Nunua masta nzima. Safisha kwa mafuta ya breki au spiriti. Petroli, dizeli na oili ya injini ni sumu kwa raba hizi. Zinavimba na pistoni hairudi, ukabaki na ugonjwa ule ule wa kuteleza kwa sababu nyingine. Jazia mafuta ya breki ya DOT 3 kutoka kopo jipya. Kopo lililofunguliwa miezi limeshanyonya unyevu.

Kutoa upepo: mpira mwembamba kwenye nipeli, ncha ya pili izame kwenye chupa yenye mafuta kidogo. Msaidizi akanyage taratibu mara tatu hadi tano na kushikilia chini. Fungua nipeli, mafuta na mapovu yatoke, funga kwanza, ndipo aachie pedeli. Akiachia mapema unanyonya upepo upya na mtakesha. Kopo la juu lisishuke chini ya nusu. Endeleeni mpaka mapovu yaishe na mafuta yawe meupe. Yakimwagikia rangi, mwagia maji mara moja, yanabandua.

Mwisho kabisa rekebisha fimbo: legeza nati ya kufungia, zungusha fimbo hadi upate mchezo aliouandika Masta_ya_Juu, kaza nati. Ukianza na fimbo kabla ya kutoa upepo, unapima uongo.

LetiMashini

Nimekubali kwa nusu. Tatizo lilianzia juu, sawa. Lakini gari limepanda Soni likiteleza na tani nzima mgongoni, na pleti haikuwa likizo. Ukimaliza hayo, mpime na klachi yenyewe.

Injini ikiwa ya moto, hendi breki imevutwa, mguu wa kulia kwenye breki, weka gia ya nne na uachie klachi kwa utaratibu wa kawaida. Injini izime palepale. Ikiendelea kuunguruma hata sekunde mbili tatu, pleti imekwenda. Fanya mara moja, basi. Mtu anayerudia mara tano "ili ahakikishe" anaunguza kile anachokipima. Halafu barabarani: gia ya nne, mwendo wa 40 hivi, mwinuko mdogo, kanyaga mafuta mpaka chini. Sauti ya injini na mwendo viende pamoja.

Ikifeli, ndipo gia boksi ishuke, na ikishuka usikubali kufungiwa tu seti mpya bila kuangalia kilichoiua ya zamani. Nusa majimaji yaliyomo kwenye nyumba ya klachi. Oili nyeusi ya dizeli imetoka sili ya nyuma ya krenki. Oili nzito yenye harufu ya kiberiti imetoka sili ya mbele ya gia boksi. Pleti yenye oili haioshwi na petroli ikarudishwa, oili imeshaingia ndani ya nyuzi zake. Sili badilisha zote mbili hata kama ni kavu, bei yake si kitu ukilinganisha na kazi ya kurudi tena.

Vipimo: kina kutoka uso wa pleti hadi kichwa cha riveti kisipungue milimita 0.3. Vidole vya presha pleti visiwe vimechimbika zaidi ya milimita 0.6. Flaiwili isiyumbe zaidi ya 0.1, na ikiwa na nyufa za joto ipelekwe leti. Meno ya kati ya pleti yapakwe grisi kidogo sana, yafutwe; grisi nyingi inarushwa kwenye pleti mpya siku ya kwanza. Boliti za presha pleti zikazwe kwa msalaba, kidogo kidogo, hadi Nm 19. Ukikaza upande mmoja hadi mwisho, kava inapinda.

Na wakati wa kurudisha, gia boksi ibebwe na jeki muda wote. Ikiachwa ining'inie na shafti yake ndani ya pleti, pleti inapinda katikati, na utapata klachi mpya isiyoachia. Hapo mteja anaambiwa spea ni feki.

Kabichi_za_Soni

Raba zimefungwa juu na chini, silinda zote hazina mkwaruzo. Mkanyago wa kwanza sasa ni milimita 13, wa tatu 13. Mchezo wa fimbo nimeweka milimita 2. Rivasi inaingia kimya. Mtihani wa gia ya nne: imezima palepale. Kesho napandisha mifuko 10 kwanza, halafu 20.

Masta_ya_Juu

Vizuri. Piga alama kwa kalamu kwenye kopo la klachi, usawa wa mafuta ulipo leo. Watu wengi wanaongeza wakidhani yanapungua kadiri klachi inavyolika, kama ilivyo kwa breki. Kwenye klachi ni kinyume: pleti ikilika, vidole vya presha pleti vinasogea kuelekea gia boksi na kuirudisha nyuma pistoni ya masta ya chini, kwa hiyo mafuta kwenye kopo yanapanda kidogo. Yakishuka chini ya alama, hata kwa milimita chache, vuta tena kile kifuniko cha raba uangalie.

Kabichi_za_Soni

Mifuko 20, Mombo hadi Soni, haijateleza na harufu hakuna. Alama nimepiga.