Chui milia katika msitu wa Afrika: ndugu yetu huyu sasa amevuka mpaka

Wadau, kila mmoja hapa anamjua ninayemsema, kwa hiyo sitamtaja. Asubuhi hii ametuandikia kwamba zile filamu za wakubwa tu zinazomkejeli Tarzan, ambazo bajeti yake haitoshi kununua ubwinda wa pili, ni "heshima kwa msitu wetu". Katika filamu aliyoisifu, Jane, mpenzi wa Tarzan, anapotea porini, katikati ya Afrika, na anayemtokea ni chui milia. Chui milia! Mnyama wa Asia, tena aliyenyofolewa waziwazi kutoka filamu nyingine, kwa kuwa Jane yuko usiku na yeye yuko mchana. Tarzan halisi wa Edgar Rice Burroughs, mwandishi aliyemtunga, alijifundisha kusoma kwa vitabu vya marehemu wazazi wake. Huyu wa filamu anaunguruma tu, huku machifu wakisema lugha isiyojulikana kuanzia Lamu hadi Matadi. Hayo yote ningeyameza, lakini chui milia hapiti kooni. Nilipouliza kwa adabu, nikajibiwa nirudi kufundisha jiografia darasa la tatu. Mimi! Na chui milia bado yuko pale!

Mkwezi: Mwalimu, katika filamu ya namna hiyo, ulipata wapi nafasi ya kumkagua mnyama milia yake?

Binti Karafuu: Burroughs mwenyewe alimweka chui milia hadithi ilipotoka jaridani mwaka 1912, akakosolewa, na katika kitabu cha 1914 akamgeuza simba jike. Huenda hao watengenezaji filamu unaowatukana ndio pekee waliosoma toleo la kwanza.

Mwenye uzi: Hata kama! Burroughs alikubali kusahihishwa, ilhali huyu wetu anatetea chui milia mpaka leo.

Mzee wa Reli: Mnamlilia chui na tembo hamsemi. Filamu za Hollywood za Johnny Weissmuller, bingwa wa kuogelea mwenye dhahabu tano za Olimpiki aliyeigiza Tarzan, zilikuwa na fedha za kutosha, na bado tembo wa Asia walibandikwa masikio bandia ili waonekane wa kwetu.

Mkwezi: Afadhali masikio kuliko lugha ya machifu. Katuni ya kejeli ya mwaka 1975 kutoka Ubelgiji na Ufaransa ilishtakiwa na warithi wa Burroughs, na huko Marekani ikalazimika kuliondoa jina lake la kumwiga Tarzan, "Tarzoon". Jina lilipata wakili, machifu hawakupata hata mkalimani.

Binti Karafuu: Wakalimani mnawataka wa nini? Yule wa kibanda cha video cha mtaani kwetu, anayetafsiri kwa kusema juu ya filamu, hunyamaza wahusika wanapozungumza na huzungumza wanapobusiana.

Mzee wa Reli: Wa kwetu ni balaa zaidi. Juzi alimfanya Cheetah, sokwe wa Tarzan, aseme "Shikamoo, mjomba", na kibanda kizima kikaitikia "Marahaba".