Ushauri wa haraka: katuni gani itawakolea watoto wa mama mwenye nyumba?

Msomi_Hyd: Wakuu habarini. Niko Hyderabad, India, kimasomo. Jumamosi ni bethidei ya mtoto wa mama mwenye nyumba, nimejitolea kuwaonyesha watoto filamu kwa projekta. Nafikiria ile ya Chhota Bheem ya 2012, yenye mchawi Damyaan. Itawashika au nitaumbuka?

Bi_Tunu: Itawashika, mdogo wangu. Bheem ni katoto ka kijijini kamevaa dhoti, ile shuka ya kiunoni; kakila laddu, vile vitamu vya duara vya Kihindi, nguvu zinapanda. Jina limetoka kwa Bhima, shujaa wa utenzi wao wa kale wa Mahabharata, ambaye bibi zao wanawasimulia. Na uchawi wake ni wa nyumbani: laana, mji wa dhahabu, kurudi nyuma miaka elfu.

Zungu_la_Unga: Nilipokuwa Muscat, watoto wa majirani zangu Wabangladeshi walishinda na Doraemon, ile katuni ya Kijapani ya paka roboti iliyotiwa sauti za Kihindi, mpaka wakawa wanaomba maji kwa Kihindi! Kwao Bangladesh serikali iliifungia 2013 kwa sababu hiyohiyo. Mama yao sasa, samaki wake wa haradali... acheni tu.

Mlinzi_wa_Maadili: Mtoto anaonyeshwa uchawi siku yake ya kuzaliwa. Kizazi hiki!

Babu_Kijiwe: Wewe ulilala na hadithi za majini, umepungukiwa nini?

Kiroboto: Mwanafunzi amekuwa mfadhili wa bethidei tangu lini? Funguka.

Msomi_Hyd: Haya. Kodi imelala, mama ananipita kwenye ngazi bila salamu. Ila msinishambulie, projekta nimeshalipia na laddu nimeshaagiza.

Kiroboto: Hela ya laddu ipo, ya kodi haipo 😂😂

Nyundo: Chai hii. Green Gold, waliomtengeneza huyo Bheem, wako hapohapo Hyderabad. Mtu anaishi huko halafu anawauliza watu wa Mbagala watoto wa huko wanapenda nini? Weka picha ya hizo laddu.

Zungu_la_Unga: Hata mimi nimeanza kunusa tangawizi.

Msomi_Hyd: Picha ya laddu itathibitisha nini? Watoto wenyewe nimewauliza: mwenye bethidei anataka Bheem, dada yake anang'ang'ania Doraemon. Mama hamtaki Nobita, yule mtoto wa kwenye Doraemon, anasema ni mvivu, kila shida anamlilia paka.

Bi_Tunu: Basi weka Bheem, mwenye siku yake kashachagua. Na kaongee na mama kuhusu kodi kabla ya Jumamosi, usimvizie mbele ya wageni.

Msomi_Hyd: Dada, nilipanga kumwambia wakati watoto wamezama kwenye filamu.

Nyundo: Picha.