Eugene Sledge aliandika miaka 36 baada ya Okinawa. Tumwamini?

msomaji_wa_usiku:

Wakuu, heshima kwenu. Nimemaliza With the Old Breed ya Eugene Sledge, yule kijana wa Mobile, Alabama, aliyekuwa askari wa marini wa Marekani akapigana na Wajapani kwenye visiwa vya Pasifiki, Peleliu mwaka 1944 na Okinawa mwaka 1945. Nilianza na tamthilia ya The Pacific ya 2010, ndipo nikatafuta kitabu, na kusema kweli kitabu kimenielemea kuliko picha.

Kinachonisumbua ni hiki. Vita vimekwisha 1945, kitabu kimetoka 1981. Mtu anakumbukaje nani alikuwa naye shimoni, usiku upi, na nani alisema nini? Kaka yangu anasema wanajeshi wastaafu hutia chumvi, na kadiri miaka inavyopita ndivyo chumvi inavyozidi. Halafu hadithi inakatikia Okinawa. Huko nyumbani aliishije huyu mtu? Wenye kujua naomba mnijuze.

mwl_hadubini:

Mkuu, kaka yako hajakosea kuhusu wastaafu kwa jumla, ila kwa Sledge amegonga mwamba.

Huo 1981 ni mwaka wa kuchapishwa tu, kukumbuka alianza zamani. Askari wa mstari wa mbele walikatazwa kuweka shajara, maana ikianguka mikononi mwa adui inamfaidi. Sledge alikuwa na Agano Jipya dogo la mfukoni, na humo ndimo alimochomeka vijikaratasi vyake. Baada ya Peleliu, walipokuwa wamerudishwa kambini kwenye kisiwa cha Pavuvu, akaanza kuandika muhtasari. Aliporudi nyumbani 1946 akaujaza. Miaka mingi baadaye ndipo akakaa kuandika kitabu kizima, mkewe Jeanne akimhimiza, na mwanzoni alikusudia kisomwe na familia yake tu.

Na mnisamehe nikivutia kwangu maana nafundisha biolojia: huyu alikuwa mwenzetu. Alichukua shahada ya biashara 1949, ikamwishia hamu, akageukia mimea: uzamili wa botania 1955, uzamivu Chuo Kikuu cha Florida 1960, kisha akafundisha Montevallo, Alabama, kuanzia 1962 hadi alipostaafu 1990. Msome anavyoieleza Peleliu. Hasemi palikuwa pabaya akapita. Anakwambia ardhi ni matumbawe, hayachimbiki, kwa hiyo hakuna shimo la kujificha wala la choo, na maiti hazizikiki. Joto linapita nyuzi 40. Basi nzi wanashiba mpaka baadhi yao wanashindwa kuruka, unawafukuza kwenye chakula hawaondoki. Maji ya kunywa yaliletwa kwenye mapipa yaliyowahi kubeba mafuta na hayakusafishwa vizuri, yamejaa kutu, na watu wakayanywa hivyohivyo kwa kiu. Kila jambo na chanzo chake. Mwanafunzi wangu akiniletea ripoti ya maabara ya namna hiyo simkati hata alama moja.

Ila kinachonifanya nimwamini, kushinda vijikaratasi na shahada, ni yale aliyoyaacha kitabuni ilhali angeweza kuyafuta bila mtu kujua. Rudi kwenye habari ya meno ya dhahabu. Wenzake wanawang'oa meno Wajapani waliokufa, na mmoja anamfanyia hivyo mtu ambaye bado yu hai, Sledge anampigia kelele amwondolee mateso. Wewe msomaji ushamweka upande wa wema, umetulia. Baadaye yeye mwenyewe anachomoa kisu na kuinamia maiti. Tabibu wa kikosi, Doc Caswell, anamzuia. Anamuuliza wazazi wake wangeonaje. Sledge anajibu kwamba baba yake ni daktari, pengine angeona ni jambo la kuvutia! Doc anatafuta njia nyingine: kuna vijidudu, unaweza kuambukizwa. Hapo mtoto wa daktari anakubali. Anarudisha kisu.

Baada ya vita ndipo akatambua kwamba Doc hakuwa akiwaza vijidudu hata kidogo, alikuwa akimsaidia asipoteze utu wake. Sasa niambie, mkuu, mtia chumvi gani anajipaka matope namna hiyo, tena akimpa mwenzake sifa zote?

Kuhusu nyumbani: alirudi hana jeraha mwilini, lakini usiku ulikuwa mgumu, ndoto za vita zilimfuata miaka. Alikuwa mwindaji tangu utotoni. Akatoka kuwinda njiwa na baba yake, ikabidi ammalize ndege aliyejeruhiwa, na baba akamkuta analia. Hakumkemea. Walizungumza, mzee akamshauri aanze kuwatazama ndege badala ya kuwapiga risasi, na uwindaji ukaishia hapo. Kuna pia kisa cha ofisi ya kujiandikisha chuoni Auburn, karani anampitishia orodha ya masomo akitaka kujua jeshi lilimfundisha nini kinachoweza kuhesabiwa. Akamjibu kwa hasira kwamba lilimfundisha kuua na kujaribu kubaki hai, na kama hilo halimo kwenye orodha yake, basi. Sayansi ndiyo iliyomshika mkono. Alisema wazi kwamba kuzama kwenye masomo hayo kulimsaidia asirukwe na akili. Alifariki Machi 2001.

kanali_wa_mezani:

Namuunga mkono mwalimu nusu. Kwamba ni mkweli, sina ubishi. Lakini watu wanakisoma kitabu hiki kana kwamba ni historia ya Peleliu, na yeye mwenyewe kwenye utangulizi anakataa. Alikuwa kwenye timu ya mzinga wa mota wa milimita 60, Kombania K, Batalioni ya 3, Rejimenti ya 5 ya Marini. Alichokiona ni kile kilichokuwa mbele ya mota yake.

Ukitaka kujua kwa nini walikufa vile, lazima utoke nje ya kitabu. Jenerali Rupertus, mkuu wa Divisheni ya 1 ya Marini, aliwaambia vita vitakuwa vikali lakini vifupi, siku tatu au nne. Walishuka ufukweni Septemba 15, 1944, na kisiwa kikatangazwa kimetekwa Novemba 27. Wajapani chini ya Kanali Nakagawa walikuwa wameacha ule mtindo wa kujirusha usiku kwa makundi. Wakajichimbia mapangoni kwenye vilima vya Umurbrogol, kila pango likilinda jingine. Na linaloniuma zaidi: Admirali Halsey alishapendekeza Peleliu irukwe. Hakusikilizwa, kwa kuwa ilidhaniwa kiwanja cha ndege cha pale lazima kichukuliwe ili kulinda ubavu wa majeshi ya Jenerali MacArthur yakienda Ufilipino. Kombania K iliingia na watu wapatao 235, wakatoka 85 ambao hawajaguswa. Sledge hawezi kukupa sababu hizo akiwa amelala kifudifudi kwenye matumbawe, na si kosa lake.

Jambo la pili, chuki. Anawaita Wajapani kwa lile jina la kejeli la wakati ule kurasa zote, na hafichi kwamba aliwachukia. Mwalimu kalipita kimya. Ni ukweli wa kijana wa 1944, sawa, ila msomaji ajue anaingia wapi.

Kwa upande wa kumbukumbu, mlinganishe na Robert Leckie, wa rejimenti ya 1, ambaye naye ni chanzo cha tamthilia hiyohiyo. Leckie alikuwa mwandishi wa habari, kitabu chake kikatoka mapema, 1957, na wenzake wengi kawapa majina ya utani tu. Ni kitabu kitamu kusoma. Lakini Sledge aliyechelewa anakupa watu kwa majina yao kamili, na kati yao walikuwapo waliokuwa hai 1981, sajini wake R.V. Burgin kwa mfano, ambao wangeweza kusimama na kumkanusha. Hilo kwangu ni uzito kuliko Agano Jipya.

mwl_hadubini:

Kanali, hoja ya Burgin naichukua, hiyo ni nzuri kuliko zangu. Ya chuki pia, sikuipita kwa hila. Ila usimfanye kijana aliyelala kifudifudi asiyejua lolote. Kapteni Haldane, mkuu wa Kombania K, alipouawa na mdunguaji Oktoba 12, siku chache tu kabla hawajaondolewa mstari wa mbele, Sledge anaandika kwamba ndiyo huzuni kubwa kuliko zote za vita vyake, na baadaye anahoji waziwazi kama kisiwa kile kilistahili gharama ile. Hakuwa na mafaili ya Halsey, lakini swali alilifikia.

msomaji_wa_usiku:

Nimewaelewa wote wawili, na kaka yangu nimemtumia jibu la Burgin, kanyamaza. Hicho kisa cha njiwa na cha karani kiko wapi? Kwenye kitabu nilichonacho hakimo.

mwl_hadubini:

Hakimo kweli. Tafuta China Marine, kilitoka 2002, yeye akiwa ameshafariki. Kinaanzia pale ulipoachwa: baada ya Japani kusalimu amri hawakurudishwa nyumbani, walipelekwa kaskazini ya China, Beijing, ambayo wakati ule iliitwa Peiping. Kuna sehemu wanalinda mji mdogo wa reli uitwao Lang Fang, na pembeni yao wapo Wajapani waliosalimu amri lakini bado wanabeba silaha kulinda njia ya treni, watu walewale aliokuwa akiwapiga mota miezi michache nyuma. Kurudi nyumbani kuko mwishoni. Ni chembamba kuliko cha kwanza na maandishi yametulia zaidi, kwa hiyo usikitegemee kikubane kama Peleliu.

kanali_wa_mezani:

Na ukimaliza tafuta na cha Burgin mwenyewe, Islands of the Damned, cha 2010. Alikuwa sajini wa Sledge kwenye mota hizohizo. Unaweza kuviweka viwili mezani ukalinganisha usiku kwa usiku.