Naomba ushauri: ukungu ndani ya bustani ya chupa

Habari zenu wapendwa. Nipo Dar, nina terariamu ya chupa kubwa ya kioo yenye mfuniko. Chini kuna kokoto, juu yake mkaa uliopondwa, halafu udongo uliochanganywa na unga wa makumbi ya nazi. Nimepanda kangaga na fitonia.

Tangu joto lianze kupanda, kioo kinajaa mvuke kutwa nzima, na sasa kuna ukungu mweupe kama pamba kwenye shina la kangaga, pale linapogusa udongo. Fitonia bado nzima kabisa, mishipa yake myeupe inang'aa, ndiyo maana sitaki kuipoteza.

Nimeacha kumwagilia, nimeisogeza mbali na dirisha, asubuhi naacha mfuniko wazi. Majani yaliyooza nayatoa kwa kibano kirefu, kwani mkono haupiti mdomoni.

Naombeni mnisaidie: ning'oe kangaga yote, au nikate tu sehemu iliyoshikwa? Na vile vidudu vidogo vinavyorukaruka na kula ukungu, naweza kuvichukua kwenye majani makavu ya bustanini bila kuingiza wadudu waharibifu? Mwenye uzoefu wa joto la Pwani anijibu tafadhali.